Uzi: Stelingi baridi aliyemganda mwanamke mmoja. Anaandikwaje asigeuke sanamu?

Kalamu ya Mwani (mwanzisha uzi)

Wakuu, kwema?

Simulizi za mapenzi ya giza zimejaa kwenye magrupu ya WhatsApp, Telegram na kurasa za Facebook, na stelingi ni yuleyule: tajiri, mkimya, hacheki, hana anayempenda, halafu anamwona binti mmoja na kumganda. Ni mhusika mzuri na wasomaji wana haki ya kumpenda. Kinachomuua ni kutangazwa. Mtunzi anaandika "hakuwa na hisia hata kidogo", "moyo wake ulikuwa wa barafu", anarudia kila sehemu, na ikifika sehemu ya 10 msomaji bado hajauona huo ubaridi kwa macho yake. Ameambiwa tu.

Kiswahili kimeshatupa neno la huyu mtu: kuganda. Maji yakiwa barafu yameganda. Kupe akishika sikio la ng'ombe ameganda. Stelingi wetu yuko hivyo pande zote mbili kwa wakati mmoja. Hisia anazo, ila hana maneno yake, kwa hiyo zimehamia kwenye anachohesabu, anachopanga, anachokumbuka na asichoweza kukiacha. Ukimnyima hisia kabisa unapata sanamu. Ukimpa maneno ya hisia unapata mwanaume wa kawaida mwenye sauti nzito.

Anza na kazi yake. Bilionea wa Masaki mwenye walinzi 12 hana kazi, ana fedha, na fedha peke yake haionyeshi tabia ya mtu. Mpe kazi inayodai utulivu na vipimo: rubani, mkaguzi wa hesabu, fundi saa, nahodha wa tagi bandarini. Mfano nitakaoutumia ni daktari wa ganzi na usingizi. Huyu kazi yake ni kumtazama mtu aliyelala, asiamke mapema wala asiende mbali mno. Anajua mtu mzima aliyetulia hupumua kati ya mara 12 na 20 kwa dakika. Mtu wa namna hii akimganda mwanamke hatamwambia "umependeza". Ataona kwamba jana alikuwa anapumua mara 14 na leo 22. Hapo baridi na kuganda vimekaa kwenye sentensi moja, na hujatumia neno barafu.

Sasa sarufi, maana hapa ndipo wengi wanapoacha mali ikipotea. Kiambishi hu- hakibebi nafsi. "Hufika saa 12:10. Huvua viatu mlangoni. Hunywa maji kabla ya kusalimia." Mtendaji hayupo. Sura anazosimulia yeye mwenyewe zijaze hu- na -me-: "Amefika. Amekata nywele." Zitasomeka kama daftari la zamu. Sura za binti ziwe za -li- na -ka-, zenye mwendo na pumzi. Msomaji atajua anayesimulia ni nani kabla hajaona jina. Halafu -nge- na -ngali- ziweke akiba, kwa sababu mtu huyu hawazi ingekuwaje. Siku ya kwanza anaposema "ningejua, nisingekuacha upande ile boti" iwe sehemu ya 30 na kitu, na msomaji atashtuka bila kujua kilichomshtua.

Na "nakupenda" mnyime kabisa. Kwetu kupenda ni kwa kila kitu, tunapenda pilau na tunapenda watu. Neno linalomfaa huyu ni "nimekuzoea". Mtu ambaye hajawahi kuzoea chochote akisema amekuzoea, ameshatoa alichonacho chote.

Karibuni, mwenye ujuzi aongeze nyama.

Chipukizi wa Tandika

Asante sana mkuu. Naweka kipande hapa, naomba kipasuliwe bila huruma:

"Idrisa alikuwa mwanaume asiyekuwa na hisia hata kidogo. Alimtazama Tunu kwa macho makali kama ya tai. Alitetemeka. Alimsogelea na kumshika mkono, akamtazama machoni, akamwambia kwa sauti nzito, 'Kuanzia leo wewe ni wangu.' Hakujibu. Moyo wake ulimwenda mbio."

Mhariri wa Usiku

Chipukizi, kabla ya tai, tazama "alitetemeka". Nani? Kuanzia hapo mpaka mwisho hakuna jina hata moja. Kiswahili hakitofautishi mwanaume na mwanamke kwenye kiambishi, a- ni wote, -m- ni wote. Ukiwaweka watu wawili chumba kimoja wakaanza kusogeleana, sentensi ya tatu tu msomaji hajui mkono ni wa nani. Kwenye mapenzi ya giza hilo ni kosa kubwa kuliko kwingine, kwa sababu hadithi nzima inasimama juu ya nani anamtenda nani.

Dawa ziko tatu. Ya kwanza ni kurudia majina bila kuona haya. Jina kila baada ya vitenzi viwili au vitatu halimchoshi mtu. Ya pili ni kusimulia kwa "mimi" na kubadilishana sura, ya mwanaume na ya mwanamke. Ya tatu ndiyo naipenda kuliko zote: kiungo cha mwili kiwe mtendaji. "Mkono ukamfikia begani." "Macho yakamshukia." Ngeli imebadilika, kwa hiyo mkanganyiko umekwisha. Na kuna faida ya ziada: mwanaume anayetendewa na viungo vyake anasomeka kama mashine. Tumia kwa Idrisa peke yake. Tunu atende kwa jina lake, "Tunu akarudi nyuma", "Tunu akashika kitasa". Ukiwachanganya faida inapotea.

Mazungumzo nayo. Idrisa asiombe. Hakuna "naomba", hakuna "tafadhali", hakuna "hivi unajua". Amri tupu: "Kaa." "Kula." "Rudi." Na asiulize anachokijua tayari. Wanaume wa simulizi hizi huuliza "ulikuwa wapi?" huku tumeshaambiwa wamemfuatilia siku nzima. Anayejua hasemi "ulikuwa wapi", anasema "Kariakoo kuna joto leo".

Wodi Na. 4

Naongezea upande wa afya ya akili, maana kuna mambo matatu yanachanganywa kila siku.

La kwanza linaitwa aleksithimia. Daktari Peter Sifneos ndiye aliyelipa jina miaka ya 1970. Mtu ana hisia na mwili wake unazijibu: tumbo linauma, usingizi unakata, mikono inapoa, lakini hana jina la kinachomtokea. Huyu ndiye stelingi anayeelezwa na mwanzisha uzi. Maana yake kwa mtunzi: mwili wa Idrisa uumwe. Tunu akiondoka siku nne, Idrisa asiwaze kwamba amemkumbuka. Ashindwe kula, ajipime presha, aikute sawa, apime tena.

La pili ni usaikopathi. Orodha ya Robert Hare inayotumiwa na wataalamu ina vipengele 20, kila kimoja alama 0 hadi 2, jumla 40, na Amerika Kaskazini mstari wa kumwita mtu saikopathi huwekwa kwenye 30. Kati ya vipengele hivyo kuna maneno matamu, uongo wa kila mara, kuchoka haraka na mahusiano mafupi mafupi. Mtu wa aina hiyo ni mchangamfu, anaongea vizuri na hamgandi mtu, anamtumia na kuondoka. Ukimwandika mkimya anayemngoja mwanamke mmoja miaka saba kisha ukamwita saikopathi, umeandika watu wawili ndani ya shati moja.

La tatu, huko kuganda kwenyewe. Dorothy Tennov alikiandikia kitabu mwaka 1979 na kukipa jina, limerensi: fikra zinazokuja bila ruhusa, na matumaini yanayolishwa na mashaka. Zingatieni hapo kwenye mashaka. Akiwa na uhakika kwamba anapendwa au uhakika kwamba hapendwi, moto unapungua. Ndiyo maana simulizi nyingi hufa baada ya sehemu ya 6 au ya 7: binti ameshakubali, stelingi hana tena cha kumkosesha usingizi, mtunzi analazimika kuleta adui wa kutoka nje na watu wenye bastola. Tunu abaki na jambo moja ambalo Idrisa hajalijua, na liendelee kubaki mpaka karibu na mwisho.

Na jamani, msimpe usonji kama sababu ya ubaridi. Watu wenye usonji wanahisi, wengi wanahisi kupita kiasi, na familia zao zinasoma humu.

Mwana wa Mrima

Huyu mtu si mgeni pwani. Jini mahaba anafanya hayohayo. Humchagua mwanamke mmoja, huja usiku, huwa na wivu, huvunja posa moja baada ya nyingine, na hana moyo wa kibinadamu. Watu wa Tanga, Mombasa na Unguja wanamjua kabla ya intaneti.

Mtunzi achukue kitu kimoja kutoka kwake: masharti. Jini ana masharti, anataka udi, anataka manukato, ana siku zake. Hatoki nje ya masharti hayo, na ndiyo maana anatisha bila kupiga kelele. Mpe Idrisa masharti matatu aliyojiwekea mwenyewe, na msomaji ayajue mapema. Kwa mfano: haingii chumba alicholala Tunu, hamgusi kabla yeye hajamgusa, hamdanganyi akiulizwa. Kila sharti litakapotikisika, una tukio zito bila kofi hata moja. Stelingi wa giza asiye na masharti ni mhuni tu.

Mzee wa Full

Hoja nzuri, ila soko nalo liangaliwe. Grupu linataka vitu vya haraka: sehemu ya kwanza binti anatekwa na gari nyeusi, ya pili yuko jumba la kifahari. Ukipika taratibu kwa masharti na kuhesabu pumzi, watu wanatoka kwenye grupu kabla hujauza full, yaani simulizi nzima.

Msomaji Sugu

Kaka yangu Mzee wa Full, nitakujibu kwa urefu kidogo, vumilia.

Kuteka ni habari ya kweli hapa nchini, kuna familia zinalia. Anayeitumia kama njia ya mkato ya kuwakutanisha wapenzi ajue anaandika juu ya kidonda. Na hata ukiacha hilo, kwa ufundi tu haifai kuwa mwanzo, kwa sababu umeanza juu kabisa na huna pa kupanda. Ngazi ya huyu mwanaume ni kutazama, kisha kujua, kisha kuingilia, kisha kushika. Kila ngazi ipewe sehemu zake. Simulizi ya sehemu 45, yenye maneno 1,000 hadi 1,300 kila moja, inaweza kukaa kwenye kutazama na kujua mpaka sehemu ya 12, na mguso wa kwanza usije kabla ya hapo. Arosto ya msomaji inatokana na kungoja.

Mlango uwepo. Msomaji ajue muda wote Tunu anaweza kutokea wapi, na kila sehemu Tunu afanye uamuzi mmoja unaobadilisha kinachofuata. Ukipitia rasimu yako ukakuta sehemu tatu mfululizo ambazo Tunu amelia, ametetemeka na kupelekwa, hiyo siyo mapenzi ya giza, ni mateso yenye marashi. Idrisa akivuka mpaka, bei ilipwe ndani ya sehemu mbili: apoteze kitu anachokithamini, na asamehewe kwa shida au asisamehewe. Kubaka kusigeuzwe mwanzo wa penzi. Hilo halina mjadala kwangu. Na umri uandikwe wazi kwa tarakimu, wote wawili wakiwa watu wazima. Tunu awe na 24, awe na kazi na nauli yake mwenyewe.

Kuna watunzi wanaotetea binti kumpenda mtekaji kwa kusema "ni Stockholm", yaani mateka huishia kumpenda anayemshikilia. Tukio lile la benki ya Stockholm la Agosti 1973 lilikuwa la siku sita, mateka wanne chumba kimoja na watu wenye silaha huku polisi wakiwazunguka. Siyo leseni ya sehemu 40 za ndoa ya kulazimishwa.

Halafu uhalisia, maana msomaji wa sasa hadanganyiki. Namba ngeni inayotuma ujumbe wa vitisho kila usiku: Tanzania laini zinasajiliwa kwa alama za vidole tangu 2019, kwa hiyo mtunzi atueleze laini ni ya nani. Stelingi "kulipata jina lake kamili kwa uwezo wake mkubwa": jina hutokea lenyewe kwenye simu ukitaka kumtumia mtu hela, hauhitajiki uwezo wowote, na ukiandika hivyo inatisha zaidi kwa sababu ni rahisi. Tunu anafuatwa mwezi mzima na haendi polisi: vituo vingi vina Dawati la Jinsia na Watoto, na rafiki yake lazima amtajie. Kama haendi, tupe sababu inayoingia akilini. Sababu nzuri ni kwamba hana cha kupeleka. Idrisa hajafanya kosa lolote linaloandikika kwenye jalada. Hapo ndipo msomaji anapopata ubaridi mgongoni.

La mwisho, vitanda. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, kifungu cha 14, inakataza kusambaza ponografia kupitia kompyuta, faini ikianzia shilingi milioni 20 au kifungo kisichopungua miaka saba, au vyote. Admini wa grupu na mtunzi wasijifanye hawajui. Funga mlango wa chumba, tuachie sauti ya komeo.

Mzee wa Full

Nimekupata dada. Basi niongeze la upande wangu. Sehemu ya kwanza ya maneno 1,300 kwenye WhatsApp hukatika, msomaji anaona mistari michache tu mpaka abonyeze aendelee. Kwa hiyo kitu cha ajabu kiwe kwenye sentensi mbili za kwanza kabisa. "Leo mvua ilinyesha sana jijini" inazikwa hapohapo. Tahadhari ya maudhui iwekwe kama ujumbe wa peke yake juu ya sehemu ya 01, mistari miwili: umri wa msomaji, na kilichomo (kufuatiliwa, wivu, msiba), isije ikala nafasi ya mwanzo wa hadithi. Na ukikata utamu, ukate kwenye uamuzi wa Tunu, usikate kwenye mlango unaogongwa. Mlango ukigongwa mara tatu kwenye simulizi moja, watu hawafungui tena.

Kalamu ya Mwani

Msomaji Sugu, masharti ya Mwana wa Mrima na mlango wako vinakaa pamoja vizuri. Naomba tuguse kulainika, maana hapo ndipo stelingi wengi hufia, kati ya sehemu ya 20 na 25. Mtunzi anachoka na ubaridi, ghafla Idrisa analia, analeta maua mekundu, anasimulia utoto wake kurasa nne: mama alikufa, baba alikuwa mkali. Msomaji anafunga.

Alainike kwa mazoea, asilainike kwa maneno. Mwanzoni mwa hadithi mpe ada tatu ndogo zisizovunjika, tuseme hunywa chai bila sukari, hulala na taa imezimwa, na hajibu simu akiwa zamu. Ukitaka alainike, vunja moja kila baada ya sehemu kadhaa bila kutoa maelezo. Chupa ya sukari ionekane jikoni kwake. Basi. Tunu aione, asiseme kitu. Na kisa cha utoto, kama lazima kiwepo, kije theluthi ya mwisho, kifupi, kisimuliwe na mtu mwingine. Tazama riwaya ya Wuthering Heights ya Emily Brontë ya mwaka 1847: Heathcliff hatusimulii mwenyewe, tunamjua kupitia Nelly Dean, mtumishi wa nyumbani, naye akimsimulia mpangaji mgeni. Mwanaume aliyeganda akieleza sababu ya kuganda kwake, ameyeyuka tayari. Dada wa kazi, mlinzi wa getini au nesi wa zamu anaweza kubeba kisa hicho, akakosea hapa na pale, na ikawa bora zaidi.

Chipukizi wa Tandika

Wakuu, nimekiandika upya. Nimechukua ya Mhariri, ya Wodi na ya mwanzisha uzi:

"Tunu aliegemea mlango. Pumzi 22 kwa dakika. Jana, saa kama hizi, zilikuwa 14.

'Kaa,' Idrisa alisema.

Tunu hakukaa. Mkono ukafungua kabati, ukatoa kikombe, ukamimina chai. Kikombe kikawekwa mezani, mkono wake ukielekea kushoto.

Tunu alikitazama kwa muda. Tangu aanze kazi hospitalini hapa amekuwa akijilazimisha kutumia mkono wa kulia: kula, kusaini, kupokea. Nyumbani kwao alichapwa kwa huo wa kushoto. Hakuna aliyewahi kumwambia.

'Nani kakwambia?'

'Hakuna,' alisema. 'Unywe. Itapoa. Nimekuzoea wewe, sitaki upate shida.'"

Mhariri wa Usiku

Huu sasa ni uandishi. Mkono wa kushoto ni chaguo zuri sana, maana kwetu unafichwa, na anayeugundua ameona kilichofichwa kwa kila mtu kazini.

Marekebisho manne. "Mkono wake ukielekea kushoto" unagongana na mkono wa Idrisa sentensi iliyotangulia. Andika "mshikio ukielekea kushoto". "Hakuna aliyewahi kumwambia" haieleweki nani hakuambiwa nini, sema "Hapa hajawahi kumwambia mtu." "Alisema" baada ya "Hakuna" haina jina, weka Idrisa. Na "unywe" ni laini, hiyo -e mwishoni inabembeleza. Huyu anasema "Kunywa".

Wodi Na. 4

Na "sitaki upate shida" itoke. Hajui kwamba hataki upate shida. Anajua kikombe kinakaa upande gani.

Msomaji Sugu

"Nimekuzoea" nayo itoke hapo. Hii ni sehemu ya ngapi?

Chipukizi wa Tandika

Ya nne, dada.

Msomaji Sugu

Basi mapema mno, iweke ya 38. Hapa Tunu ndiye afunge sehemu. Ana mlango nyuma yake na kikombe mbele yake. Mwache anyooshe mkono, na tujue ni upi.

Chipukizi wa Tandika

"'Nani kakwambia?'

'Hakuna,' Idrisa alisema. 'Kunywa.'

Kitasa kilikuwa mgongoni mwa Tunu, baridi. Tunu alikiacha. Akasogea mezani, akakizungusha kikombe taratibu mpaka mshikio ukaelekea kulia, akanywa akimtazama.

Itaendelea."

Kalamu ya Mwani

Usiongeze hata nukta. Lete ya tano.